Vita vya Burundi vimekwisha, mbona mambo hayajaisha? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara Kigoma na Tabora

Majibu mengi hapa chini yanategemea mwaka ambao mtu, au mzazi wake, alikimbia Burundi: 1972, 1993 au 2015. Majirani wawili wanaweza kusema Kirundi kilekile na kutoka kilima kimoja (kilima kwa Burundi ni kama kijiji), lakini sheria ikawapeleka njia tofauti kabisa kwa sababu ya mwaka huo. Kabla ya kusoma jibu lolote, jua kwanza mwaka wako.

Vita vya Burundi viliisha lini hasa?

Vilianza baada ya Rais Melchior Ndadaye kuuawa tarehe 21 Oktoba 1993, miezi mitatu na ushei tangu aapishwe. Kumaliza ndiko kulikochukua hatua nyingi. Mkataba wa Arusha ulisainiwa tarehe 28 Agosti 2000, Nelson Mandela akiwa msuluhishi baada ya Mwalimu Nyerere kufariki Oktoba 1999. Tatizo ni kwamba waliokuwa na bunduki msituni hawakuwa mezani: CNDD-FDD na Palipehutu-FNL hawakusaini. Kwa hiyo watu waliendelea kuvuka mpaka kuja Kibondo na Kasulu baada ya wino kukauka.

CNDD-FDD walikubali kusitisha mapigano Desemba 2002, na makubaliano ya jumla wakayasaini Dar es Salaam Novemba 2003. Pierre Nkurunziza, kiongozi wa CNDD-FDD, aliapishwa kuwa rais Agosti 2005. FNL wao walisaini Dar es Salaam Septemba 2006, wakapigana tena kuzunguka Bujumbura Aprili 2008, na wakasajiliwa kama chama cha siasa Aprili 2009.

Mwanafunzi anayetaka mwaka mmoja wa kuandika kwenye karatasi ya mtihani aandike 2005. Mtu aliyeishi Bujumbura Vijijini atakwambia 2008, naye hadanganyi. Waliokufa wanakadiriwa kufika 300,000.

Mkataba wa Arusha ulibadilisha nini?

Mambo mawili yanagusa maisha ya kila siku. La kwanza ni mgawanyo wa madaraka: jeshini hakuna kabila linaloruhusiwa kuzidi asilimia 50. Katiba ya 2005 ikaweka asilimia 60 kwa Wahutu na 40 kwa Watutsi katika Baraza la Mawaziri na Bunge, nusu kwa nusu katika Seneti, na viti 3 kwa Watwa katika Bunge na 3 katika Seneti. Jeshi ndilo lilikuwa mzizi wa fitina tangu miaka ya 1960, hivyo kipengele hicho kilipunguza hofu kuliko hotuba zote za amani.

La pili ni ahadi kwamba mkimbizi anarudi na kupata mali yake, na isipowezekana alipwe fidia. Ahadi hiyo iliandikwa kwa sentensi chache, na ndiyo imezaa kesi nyingi kuliko sehemu nyingine yoyote ya mkataba. Tutaifikia.

Kuna tofauti gani kati ya mkimbizi wa 1972, wa 1993 na wa 2015?

Wa 1972 walikimbia mauaji ya mwaka huo na wakapewa ardhi ya kulima katika makazi matatu: Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Ulyankulu leo iko wilaya ya Kaliua, mkoa wa Tabora; Katumba na Mishamo ziko mkoa wa Katavi. Kila familia ilipimiwa takriban hekta 5, wakafyeka pori, wakalima mahindi, mihogo, maharage na tumbaku. Ulyankulu ilipozidiwa na watu, udongo na maji havikutosha, ndipo sehemu ya watu wakahamishiwa Mishamo mwishoni mwa miaka ya 1970. Wengine hawakwenda makazini kabisa: walijichanganya vijijini Kigoma, na kwa kuwa Kiha na Kirundi vinasikilizana, walizama humo bila kelele. Hilo lina gharama yake, tazama swali linalofuata.

Wa 1993 na miaka iliyofuata waliwekwa kambini, si makazini. Hawakupewa mashamba, walipewa turubai, kadi ya mgao na masharti ya kutotoka bila kibali. Kambi zao zilikuwa Mtabila na Muyovosi wilayani Kasulu. Nduta, Karago, Kanembwa, Mtendeli na Mkugwa upande wa Kibondo ya wakati huo. Na Lukole kule Ngara. Zaidi ya watu laki nne walirudi kutoka Tanzania kati ya 2002 na 2009.

Wa 2015 hawakukimbia vita vile. Walikimbia machafuko yaliyofuata tangazo la Nkurunziza kugombea muhula wa tatu, Aprili 2015. Wengi waliteremka Kagunga, kijiji cha mwambao kisichofikika kwa gari wakati huo, kilichobanwa kati ya milima na ziwa. Watu kwa makumi ya maelfu walijazana ufukweni, kipindupindu kikalipuka, na meli ya MV Liemba ikawa inawabeba kwa mafungu hadi Kigoma mjini, wanalala Uwanja wa Lake Tanganyika, kisha mabasi hadi Nyarugusu. Nduta ikafunguliwa tena Oktoba 2015, Mtendeli Januari 2016.

Watu wa Ulyankulu ni Watanzania sasa au bado ni wakimbizi?

Wengi ni Watanzania kamili. Mwaka 2007 Serikali iliwapa wakimbizi wa 1972 waliokuwa makazini hiari: kurudi Burundi au kuomba uraia. Kati ya watu wapatao 218,000, takriban 4 kati ya 5 walichagua kubaki. Mwaka 2010 maombi ya watu wapatao 162,000 yalikubaliwa.

Halafu mambo yakakwama kwa miaka minne, na hapa ndipo watu huchanganya. Mpango ulikuwa kwamba wenye uraia mpya watawanywe katika mikoa mingine na makazi yafungwe. Cheti kingetolewa baada ya kuhama. Mikoa na halmashauri zilizotakiwa kuwapokea hazikuwa tayari, na wenyewe hawakutaka kuacha migomba na makaburi ya wazazi. Wakawa si Warundi kwa kuwa walishaukana uraia huo, na Utanzania wao hawakuwa na karatasi ya kuuonyesha. Mpango wa kutawanywa uliachwa, na Oktoba 2014 Rais Jakaya Kikwete akaanza kukabidhi vyeti. Mwaka 2015 walipiga kura, Ulyankulu ikiwa jimbo la uchaguzi.

Wasiokuwamo katika zoezi lile ni wale wa 1972 waliojichanganya vijijini Kigoma. Ukiwa mmoja wao, usijihesabu raia kwa sababu jamaa yako wa Katumba alipata cheti. Zoezi la 2007 liliorodhesha wakazi wa makazi matatu tu. Jibu la hali yako liko ofisi ya Uhamiaji ya mkoa, na uende nalo lolote linaloonyesha mwaka wa kuingia: kadi ya zamani ya mkimbizi, cheti cha ubatizo, cheti cha shule ya msingi, barua ya serikali ya kijiji.

Cheti cha uraia cha baba kimepotea. Watoto watapataje kitambulisho cha NIDA?

Anza polisi kuchukua taarifa ya upotevu, kisha nenda Uhamiaji na jina kamili la mzee, mwaka wa kuzaliwa, na kijiji alichoandikishwa ndani ya makazi. Linalokwamisha wengi ni tahajia ya jina. Karani wa 2008 aliandika alivyosikia. Jina lenye "Nd" mwanzoni likawa la "N", na majina mawili ya Kirundi yakaunganishwa kuwa moja. Kama jina la cheti, la shule na la cheti cha kuzaliwa cha RITA hayafanani, andaa kiapo cha majina kwa wakili au hakimu kabla ya kwenda NIDA. Ukienda bila hicho utarudishwa, na utapanga foleni upya.

Mtoto aliyezaliwa kambini ni raia wa Tanzania?

Kwa utaratibu unaofuatwa, kuzaliwa hapa peke yake hakutoshi. Akiwa na mzazi mmoja Mtanzania, ni raia. Wazazi wote wakiwa wakimbizi, naye anaandikishwa mkimbizi. Cheti cha kuzaliwa ana haki nacho kwa vyovyote, na kinasema alizaliwa wapi na kwa nani. Hakisemi ni raia wa nchi gani. Kichukue mapema. Mtoto anayevuka mpaka bila cheti atakuja kukihitaji akiwa na umri wa darasa la sita, na kukitafuta Kibondo ukiwa Makamba, Burundi, ni kazi ya nauli nyingi.

Kuhusu ndoa: sheria ya uraia ya 1995 inamruhusu mke wa Mtanzania kuomba uraia kwa ajili ya ndoa. Mume wa Mtanzania hana mlango huo. Anapita njia ya kawaida kama mgeni yeyote. Si haki, lakini ndivyo ilivyoandikwa.

Mtabila ilifungwaje, na kwa nini watu bado wanaizungumzia?

Serikali iliona sababu za kukimbia zimekwisha, ikaondoa hadhi ya ukimbizi kuanzia Agosti 2012. Kabla ya hapo watu walihojiwa mmoja mmoja, na wachache, wasiofika 3,000, wakaonekana bado wana hofu yenye msingi na wakabaki. Waliobaki kwenye orodha ya kuondoka, zaidi ya 30,000, walisafirishwa kati ya Oktoba na Desemba mwaka huo. Kambi ikafungwa.

Manung'uniko ni kwamba wengi walipanda mabasi bila kutaka, na baadhi yao ndio haohao waliorudi tena 2015. Nani alikuwa sahihi, hilo lina ubishi wake. Kwa anayeishi kambini sasa, funzo la vitendo ni moja: mahojiano ya mtu mmoja mmoja yakitangazwa, usiyakose, na usijibu kwa jumla. "Burundi hakuna amani" ni jibu lisilokusaidia. Eleza kilichokupata wewe, wapi, lini, nani alikifanya, na kwa nini unadhani kitakupata tena. Kama kuna siri ambayo mwenzi wako hapaswi kuisikia, omba kuhojiwa peke yako.

Nimeamua kurudi kwa hiari. Hatua ni zipi?

Mkuu wa kaya anafika dawati la kurejea kwa hiari kambini akiwa na kadi ya mgao. Mke na mume wote hutakiwa kuthibitisha, kila mmoja kwa kinywa chake. Majina yanalinganishwa na kumbukumbu. Hapa ndipo mtoto aliyezaliwa na hakuandikishwa anapochelewesha familia nzima. Kisha mnasaini fomu, mnapangiwa msafara, na siku moja kabla mnaingia kituo cha kuondokea kwa ukaguzi wa afya. Mjamzito aliyekaribia kujifungua na mgonjwa aliye kwenye dozi huweza kuahirishiwa, na afadhali iwe hivyo, kwa sababu barabara ni ya kutikisa.

Watu hupanda mabasi, mizigo hupanda malori. Misafara ya Kigoma huvukia Manyovu kuelekea Mugina, au upande wa Gisuru. Ng'ambo mnapokelewa kituo cha muda, kama Gitara au Nyabitare, mnapewa fedha taslimu za kuanzia na chakula cha miezi 3, kisha mnapelekwa komine yenu (eneo la utawala chini ya mkoa).

Miezi 3 ndiyo mtego. Ukifika baada ya msimu wa kupanda kwisha, chakula kinaisha kabla hujavuna chochote. Mvua za kwanza huanza Septemba, na maharage yake huvunwa mwishoni mwa mwaka au Januari. Anayefika Agosti anawahi kulima. Anayefika Novemba anakula mbegu. Ukiwa na nafasi ya kuchagua msafara, angalia kalenda ya shamba.

Jambo jingine: mtu akisharudi kwa msafara, jina lake hufungwa kwenye daftari la kambi. Kumtanguliza mume "akaangalie hali" kwa msafara rasmi huku mke akibaki na kadi kumewaponza wengi. Na wanaorudi kimyakimya kwa miguu hukosa fedha, chakula, na karatasi inayothibitisha kwamba walikuwa wakimbizi, ambayo baadaye inahitajika shuleni na kwenye kesi ya shamba.

Nimerudi, nimekuta mtu mwingine shambani. Nifanye nini?

Burundi ina kilomita za mraba 27,834, karibu kila mtu analima, na wastani wa shamba la familia ni kama nusu hekta. Hakuna kipande kilichobaki kinamsubiri mtu. Kwa hiyo swali la kwanza ni aliyepo hapo aliingiaje, maana kila aina ina dawa yake.

Akiwa ndugu aliyebaki, mara nyingi kaka wa baba au wanawe, msikimbilie mahakamani. Kesi za ukoo hudumu miaka na mshindi huishi na mshindwa ua kwa ua. Waiteni Bashingantahe, wazee wasuluhishi wa kilima, pimeni, gaweni, na muandike. Neno muhimu hapo ni kuandika: majina, mipaka, mashahidi, saini au dole gumba, nakala kwa kila upande. Maridhiano ya mdomo hufa na wazee walioyashuhudia.

Akiwa jirani aliyesogeza mpaka, tafuta alama zisizohama: kaburi, jiwe, mti wa zamani, kijito. Wazee wanaokumbuka 1972 wanazidi kupungua. Maneno yao yaandikwe sasa, si siku ya kesi.

Akiwa mnunuzi, umemkuta mtu aliyelipa fedha zake kwa mtu asiye mwenye mali. Ana karatasi nzuri kuliko wewe.

Aina ya nne ndiyo ngumu kuliko zote, na imejaa Rumonge na Nyanza-Lac, tambarare ya ziwa. Baada ya 1972 serikali ilipima upya ardhi iliyoachwa, ikaingiza mradi wa michikichi na kugawa viwanja kwa watu kutoka milimani. Chukua mfano wa familia iliyoacha shamba la michikichi mwaka ule. Mpokeaji wa kwanza alipewa na serikali, akapanda michikichi mipya, akarithisha wanawe, mmoja akauza sehemu. Anaporudi mwenye asili 2008 anawakuta watu watatu ndani ya mpaka mmoja, wote wana hoja. Sheria ya ardhi ya 1986 ilikuwa inamlinda aliyekaa miaka 30, au 15 kama aliingia kwa nia njema. Mkataba wa Arusha ulimlinda aliyekimbia. Sheria mbili, shamba moja.

Tume ya Taifa ya Ardhi na Mali Nyingine, CNTB, iliundwa 2006 kuamua mambo hayo. Mwanzoni ilipenda kugawa nusu kwa nusu. Kuanzia 2011, chini ya uongozi mpya, ikaelekea kurudisha shamba lote kwa mkimbizi, na hata baadhi ya zilizokwisha kugawanywa zikafunguliwa upya. Ndiyo sababu watu wawili wa kilima kimoja wana hukumu zinazopingana. Mahakama maalumu ya ardhi iliongezwa 2014.

CNTB haipo tena. Madai napeleka wapi?

Muda wake uliisha Machi 2022. Kama una uamuzi wake mkononi, utunze, ni ushahidi. Madai mapya yanaanzia kwenye kilima na kwenda mahakama za kawaida. Shamba lisilo na mgogoro lipeleke ofisi ya ardhi ya komine upate hati; utaratibu huo umo katika sheria ya ardhi ya 2011, na ni rahisi kuliko hati ya kitaifa.

Angalia anwani. Mwaka 2025 Burundi ilipunguza mikoa kutoka 18 hadi 5 na komine kutoka 119 hadi 42. Makamba, Rumonge, Bururi na Rutana sasa ziko mkoa wa Burunga. Ruyigi, Cankuzo na Muyinga ziko Buhumuza. Karatasi za zamani zina majina ya zamani. Kwenye barua andika yote mawili, pamoja na jina la kilima.

Mjane au binti anayerudi peke yake anapata shamba?

Burundi haina sheria ya mirathi iliyoandikwa kwa ardhi. Mila ndiyo inaamua, na mila humpa mtoto wa kiume. Mjane hutumia shamba la mume kwa niaba ya wanawe. Aliyeolewa kambini bila cheti hata hilo anaweza kunyimwa, shemeji akisema hamjui. Kwa hiyo ndoa zilizofungwa kambini zipate cheti kabla ya msafara, na watoto waandikwe kwa jina la baba.

Watoto wataendelea na shule gani?

Waliosoma kambini walifuata mtaala wa Burundi, Kirundi na Kifaransa, hivyo huendelea. Beba matokeo na barua ya mwalimu mkuu. Waliotoka Ulyankulu, Katumba na Mishamo mwaka 2008 walisoma Kiswahili, wakajikuta wakirudishwa madarasa kadhaa nyuma kwa sababu ya Kifaransa. Wakongo wa Nyarugusu wana mtaala wao wa Kongo, na vita yao ni habari nyingine tangu 1996.

Naweza kumpa mkimbizi kibarua cha kulima?

Kwa sheria ya wakimbizi ya 1998, mkimbizi anatakiwa kuwa ndani ya eneo lililotengwa na hatoki bila kibali. Asiye na kibali cha kutoka akikamatwa shambani kwako, mnaingia matatani wote wawili, yeye kwanza. Kumlipa kidogo kwa kuwa hawezi kushtaki ni tabia iliyozoeleka Kasulu na Kibondo, na ni aibu. Kibali cha kutoka hutolewa na ofisi ya mkuu wa kambi, kisome tarehe.

Ukweli kuhusu waliouawa umetafutwa?

Tume ya Ukweli na Maridhiano ilianzishwa kwa sheria ya 2014. Mwanzoni mwa 2020 ilifukua makaburi ya pamoja karibu na mto Ruvubu, ikapata mabaki ya watu zaidi ya 6,000 yaliyohusishwa na mwaka 1972. Nguo, rozari na miwani ndivyo vilivyosaidia baadhi ya ndugu kutambua. Wapo wanaolalamika kwamba tume imekazia 1972 kuliko 1993, na lawama hiyo ina uzito.

Kambi za zamani zimekuwa nini?

Mtabila na Kanembwa ni vikosi vya JKT. Lugufu, iliyokuwa ya Wakongo, ina shule za sekondari. Mtendeli ilifungwa mwishoni mwa 2021. Kilichobaki vijijini ni visima, barabara, na misitu iliyokatwa: kila jiko la kambi lilihitaji kuni kila siku, na mduara wa kukata ulizidi kupanuka. Ukinunua shamba karibu na eneo la kambi ya zamani, uliza vyoo vilikuwa wapi kabla hujachimba kisima. Mashimo yalifukiwa juu tu, na kwa macho hayaonekani. Wazee wa kijiji na ofisi ya kata ndio wanaokumbuka mistari yake.